Majivu ya Mama katika Choo Kipya

Kasongo, tarehe 9 mwezi wa tatu 2024

Mpendwa mdogo wangu Bruno,

Pokea salamu nyingi za dada yako Emilienne. Hujambo? Mkeo Darlène hajambo? Na mtoto wenu Naomie, kikohozi kimemwacha? Nasikia huko Lubumbashi mvua ni nyingi kama hapa kwetu. Sisi tunaendelea vizuri kwa neema ya Mungu, ila magoti ya mama, ambayo unayajua.

Usishangae kuona barua wakati simu iko mfukoni mwako. Nikitaka kukupigia, lazima nitoke uani kutafuta mtandao, na mama hukaa hapo hapo uani akisikia kila neno. Haya ya leo sitaki ayasikie. Yassine mwenye duka anakuja huko kununua bidhaa zake, nimempa mkononi.

Ni habari ya choo. Ulipomkaripia fundi Souleymane kwenye simu, kwamba alikujengea kazi ya ovyo, ulikosea. Hasira hasara, mdogo wangu. Fosi, lile shimo la maji machafu, ni nzima, kuta zake hazina hata ufa. Maji yalikuwa yanarudi juu kwa sababu nyingine.

Souleymane alichimba kando ya ukuta hadi pale bomba linapopinda, akasukuma kwa kipande cha nondo. Hakikupita. Akalikata, na ndani mkatoka kitu cha kijivu, kigumu kama tofali bichi lililokaa juani. Akakivunja kwa vidole, akanusa.

"Haiko bomba njo mubaya, mama," akaniambia. "Iko majivu."

Unakumbuka choo chetu cha shimo kule kijijini Wamaza? Kila asubuhi mama alizoa majivu ya jana jikoni akaenda kuyamwaga shimoni, harufu ife na nzi wakimbie. Wageni walisifu choo chake kuliko bugali yake. Basi hapa Kasongo ameendelea vile vile: kila asubuhi kopo la majivu ndani ya choo chako cheupe cha kukalia, na maji ya ndoo juu yake. Mwacha mila ni mtumwa, na mama yetu hajawahi kuwa mtumwa wa mtu.

Nilitaka kucheka. Lakini mama alikuwa amesimama nyuma yetu na fimbo yake, ameona yote. Akageuka, akaingia ndani. Baadaye nikamkuta chumbani anafunga vitenge vyake ndani ya furushi.

"Mi njo niliaribisha nyumba ya mutoto," akasema. "Muniache nirudie Wamaza."

Bruno, arudi Wamaza kwa nani? Paa la nyumba ile limeanguka, na ukitaka kufika huko ni pikipiki au miguu. Na choo cha kule ni cha kuchuchumaa. Ndiyo sababu ulimjengea hiki. Tangu siku ile haingii tena. Anajikokota hadi nyuma ya migomba na kujishikilia kwenye shina. Juzi alianguka. Hakuumia, lakini mimi nililia, tena mbele yake.

Shemeji yako Théophile anasema tumwamrishe. Anamjua mama kweli, huyo? Nimefikiri sana, na naona hivi. Tulimwambia nyumba ni yake, kisha tukamnyang'anya kazi zote za nyumba. Usifagie, usiteke maji, kaa upumzike. Ikabaki kazi moja tu ambayo hakuna aliyeitaka, naye akaifanya kwa namna anayoijua. Alikuwa anakutunzia choo chako.

Souleymane ameeleza kwamba ndani ya fosi mna vijidudu vinavyokula uchafu, na majivu au javeli nyingi, ile dawa ya kung'arisha nguo, huviua. Maji ya kuoshea sufuria ya sombe, majani yetu ya muhogo, nayo yasiingie, mafuta ya mawese huganda bombani. Na lile wazo lako la kufunika yote kwa saruji liache, maana siku shimo likijaa lazima lifunguliwe. Bomba ameshalibadilisha. Kilichobaki ni mama.

Jana nilimwomba majivu ya jikoni niyatie kwenye mboga zangu za lengalenga. Akanipa kopo bila kunitazama. Kisha akanifuata bustanini, akaona ninavyomwaga, akaninyang'anya. "Unaunguza mizizi!" Nilifurahi kugombezwa, ndugu yangu. Lakini furushi bado liko mlangoni, limefungwa.

Kwa hiyo nakuomba umpigie. Usimsamehe, maana hakukosa. Usimwambie tena nyumba ni yake, amechoka kusikia. Muulize tu kama mwenye nyumba anavyoulizwa: fosi inaendeleaje, kifuniko nani anakiangalia, mvua haiingii? Muulize, halafu ungoje akujibu.

Souleymane nimemwomba radhi kwa niaba yako, lakini ya kinywa chako anaingojea. Msalimie sana Darlène, na Naomie umkumbatie. Clémentine wa jirani anawasalimu, na Théophile pia. Mungu aliyewafikisha huko awalinde, awarudishe kwetu mkiwa wazima.

Ni mimi dada yako, nikupendaye hata ninapokugombeza,

Emilienne

Nyongeza: Nilipokuwa nakunja barua hii mama aliniuliza ninamwandikia nani. Nikamwambia. Akatazama furushi lake, kisha akasema, "Umuambie mayi inapita muzuri." Sijui amejuaje, kwa maana mimi sijamwona akiingia chooni.