Matanga ya Bwana Ukoko

Dar es Salaam, 3 Juni 2025

Dada Zubeida,

Shikamoo. Hujambo, na goti lako je? Mimi mzima, ila tumbo limenitangulia tena. Fundi wa mavazi amechoka kunitanulia kanzu.

Dada, wananiua. Usishtuke, ni kwenye tamthilia. Mwongozaji kasema Bwana Ukoko, yule shemeji aliyekuja kusalimia akakaa miaka akikwangua masufuria ya watu, amechosha. Atafia mezani, kijiko mkononi. Akifa yeye na kazi yangu imekwisha. Nani atamtaka mzee anayejulikana kwa kulamba ukoko tu? Nitarudi kwetu Palma, ng'ambo ya Ruvuma, nikaange vitumbua, na unajua ninavyoviunguza.

Mdogo wako,
Tuaibo

Palma, 26 Juni 2025

Mdogo wangu,

Marahaba. Goti linauma, linakusalimu.

Umekufa jana. Bairro zima, mtaa wote, tulikuona, kwa jirani yetu Chamima mwenye televisheni kubwa. Halafu Chamima akasema, "Mtu tumekula naye kila Jumatano, azikwe bila matanga?" Tukajua ni upuuzi, tukapika pilau vile vile. Shehe akasema dua hasomewi mtu wa kwenye televisheni, ila pilau ataionja.

Akaja Haula muuza samaki, mtani wetu, na unajua watani hawaheshimu msiba. Kajifunga mto tumboni, kajilaza jamvini, akawa wewe. Tulipotaka kumbeba akafumbua jicho moja: "Pilau imeiva?" Tangu vita vitukimbize na turudi, sijasikia kicheko kile hapa.

Video nimekutumia kwa simu. Barua ni kwa heshima ya marehemu.

Dada yako,
Zubeida

Dar es Salaam, 2 Julai 2025

Dada,

Shikamoo. Mmeniua vizuri kuliko walivyoniua wao.

Nilimwonyesha mwongozaji video ili anionee huruma. Akacheka mpaka miwani ikamtoka. Mazishi ya Ukoko tunarekodi wiki ijayo, na anamtaka Haula awe mtani pale msibani. Akiwachekesha watu, Ukoko atafumbua jicho kweli. Asipoweza, nafukiwa. Mwambie avuke Ruvuma, asiogope kamera. Mimi naiogopa tangu ujanani, na bado inanilisha.

Mdogo wako,
Tuaibo

Dar es Salaam, 30 Septemba 2025

Dada,

Shikamoo, na unisamehe kimya. Nilikuwa na kazi. Lisome tena neno hilo.

Uliona mwenyewe kwenye televisheni. Haula alisahau yote aliyofundishwa, akanivua shuka mbele ya waombolezaji, akaniita mvivu hata wa kufa. Nikacheka kabla ya zamu yangu, na wakaacha hivyo hivyo. Siku hizi sinunui nyanya kwa amani. Kila mtu ananiuliza kama pilau imeiva. Jumamosi wamenipa tuzo ya mwigizaji bora. Ukumbi mzima ulisimama. Hotuba ikanipotea, nikawashukuru watani nikashuka.

Nimesaini msimu mpya. Ukoko anarudi kwao, na kwao ni Palma. Novemba tunakuja na kamera. Ana dada mkubwa anayemgombeza. Nimewaambia namjua mtu.

Mdogo wako,
Tuaibo

Palma, 12 Oktoba 2025

Mdogo wangu,

Marahaba. Sote wazima. Chamima ameshapaka nyumba chokaa, na shehe anauliza kama hiyo novela, tamthilia yenu, ina nafasi ya shehe.

Karatasi za maneno yangu nimezipata. Huyo dada ni mpole mno. Aliyemwandika hajawahi kuwa na mdogo kama wewe. Nimeongeza yangu. Mwambie mwongozaji kamera ikae mbali kidogo.

Dada yako,
Zubeida