Doa la Ufuta Juu ya Benchi

Mama yangu mpendwa,

Kesho asubuhi wageni wanatoka Nandagala kuja hapa nyumbani Nachingwea kumposa mdogo wangu Zuhura, nami nakuandikia nikiwa nimekaa sakafuni sebuleni, mikono inanuka sabuni, moyo hautulii. Ungekuwepo ungeniambia nile kwanza. Sijala.

Shangazi, dada yake baba, ndiye aliyeamuru kuta zisafishwe. Amekagua sebule nzima kwa kidole. Wakwe, anasema, hawaangalii chai, wanaangalia ukuta. Basi tangu alfajiri niko na ndoo.

Nimefanya ulivyonifundisha. Unakumbuka kila msimu wa korosho ulipoisha, wewe na mimi tukikunja mikeka na kuanza kufuta? Mimi nilikuwa na haraka, nasugua kama nasugua sufuria, rangi ya maji inatoka na kitambaa, nawe ukanishika mkono. "Ukuta unabembelezwa," ulisema. Ukanionyesha kukamua kitambaa mpaka kisidondoke, na kuanzia chini kwenda juu, kwa sababu maji machafu yakiteremka kwenye ukuta mkavu yanaacha michirizi. Majirani wote walianzia juu, nasi tukawacheka.

Basi alama za vidole vya watoto karibu na swichi zimetoka. Alama za migongo ya viti zimetoka. Zile nyeusi za mafuta ya maganda ya korosho, kando ya mlango wa uani, hazijatoka wala hazitatoka, nimezisogezea kabati. Likabaki doa moja.

Unalijua. Lile la juu ya benchi, pembeni mwa dirisha, ulipokuwa ukiegemeza kichwa kila mchana ukirudi shamba, nywele zimejaa mafuta ya ufuta, redio mapajani. Nilikuwa nakuchokoza kwamba unaupaka ukuta kuliko nywele. Ulicheka bila kufumbua macho. Sasa wewe hupo, doa lipo, na shangazi anasema hilo ndilo wageni watakaloliona kwanza. Akanikumbusha dawa yako mwenyewe: unga wa muhogo ukorogwe na maji uwe mzito, upakwe, ukauke, unyonye mafuta yote, kisha ubanduliwe.

Sikumwambia nilichokiona. Baba, kabla ya kwenda kuswali alasiri, hupita pale, huweka kiganja juu ya doa, kisha hutoka. Hajui kwamba nimemwona. Tangu ulipofariki hajakutaja, nami naogopa kukutaja mbele yake. Kumkatalia shangazi niliogopa pia. Nikaupaka ule unga, mama.

Ulikuwa haujakauka baba alipoingia kutoka shamba la Marambo. Alisimama mbele ya ule weupe, jembe bado begani. Nilitamani aseme lolote, hata anigombeze.

"Umepaka saa hizi?" akauliza.

Nikamjibu ndiyo, sasa hivi tu.

Aliweka jembe chini, akachukua kitambaa ndooni, akakikamua mpaka kikaacha kudondoka. Sijawahi kumwona baba ameshika kitambaa cha kufutia. Akaanzia chini, akapanda juu, polepole. Kumbe miaka yote ile alikuwa anatutazama. Unga ukatoka wote.

"Shangazi yako mwambie mimi ndiye niliyekataa," akasema.

Lakini ukuta ukiloa unakuwa rangi moja, huwezi kujua kilichobaki na kilichoondoka. Tunangoja ukauke. Nimefungua dirisha upepo uingie. Kila nikiinua macho kutoka kwenye karatasi naona kama lile doa lipo, nikitazama vizuri naona ni unyevu tu. Nina hofu, mama, kama ile ya siku tulipokuwa tumekaa nje ya wodi tukimngoja daktari atoke.

Baba amekaa kwenye benchi lako. "Bado?" ananiuliza. Namjibu bado. Ameinuka mara moja tu, akaenda chumbani kwenu, akarudi na ile chupa yako ya mafuta ya ufuta. Hakunieleza ni ya nini, lakini nadhani anangoja kuona kama doa limetoka, alirudishe. Ameishika mkononi, anautazama ukuta.

Pumzika, mama. Sisi tuko macho.

Binti yako wa kwanza