Tromboni ya Tatu

Kansas City, 3 Machi 1987

Mdogo wangu Lavelle,

Hujambo huko New York? Sisi wazima, ila macho ya mama sasa yamegoma kabisa. Nakutumia karatasi za muziki za baba ulizoomba, zote, kwa mwandiko wake mwenyewe. Usizimwagie kahawa, nakujua. Mama anasema bendi yako inayopiga jazi ya zamani ikishapiga kazi ya baba, na jina lake likatajwa, hata akifa kesho yake hana kinyongo. Karibu miaka hamsini watu wameucheza muziki ule bila kujua nani aliuandika.

Dada yako,
Odessa

New York, 20 Mei

Dada Odessa,

Habari za huko? Magoti yako je? Onyesho lilifana! Ukumbi mzima ulisimama, na mpiga saksafoni wangu mmoja alilia kabisa. Vijitabu vya onyesho viliisha mlangoni, ndiyo maana sijatuma. Mwambie mama baba amesikika.

Mdogo wako,
Lavelle

Kansas City, 11 Juni

Lavelle,

Habari za afya nitakuuliza siku nyingine. Vijitabu viliisha, eh? Bi Hattie wa kanisani kwetu alikuwemo ukumbini, kaniletea chake. Kimeandikwa: "Karatasi za muziki huu zilipotea. Lavelle Pruitt ameuandika upya kwa kusikiliza sahani ya santuri ya mwaka 1938." Baba hayumo.

Kwa kusikiliza! Kwenye sahani ile kuna tromboni mbili tu, maana mzee Clement, ambaye baba alimwandikia ya tatu, alikosa treni siku ya kurekodi. Bi Hattie alihesabu tatu jukwaani. Hiyo ya tatu uliisikia wapi, wewe?

Umetusaliti, na mimi ndiye niliyekukabidhi karatasi.

Odessa

New York, 25 Juni

Dada,

Nisamehe. Kunakili karatasi kila mtu anaweza. Nimepewa uongozi wa bendi kwa sababu ya masikio yangu. Nikisema ukweli sasa, wananitoa. Baba ni marehemu, hapungukiwi kitu. Usimwambie mama, nakuomba sana.

Lavelle

Kansas City, 6 Julai

Lavelle,

Jana baada ya ibada mama alitaka nimsomee kijitabu, neno kwa neno. Nikasoma. Palipokuwa na jina lako nikatia la baba, Roscoe Pruitt, na habari za kupotea na za sahani nikaziruka. Akaniomba nirudie. Nilirudia mara tatu, na kila mara nilikuchukia zaidi.

Kisha akasema, "Mwandikie mwanangu, mwambie namshukuru."

Basi nimekuandikia.

Odessa