Ng'ombe Sitini na Mmoja wa Mzee Rwabuhihi

Jumatatu, 4 Mei

Konsoli imeuliza tena. Mara ya tatu leo. "Installer les données du jeu?" Niweke data za mchezo? — Oui, Non, ndiyo au hapana. Nikabonyeza Oui, mstari wa bluu ukatembea hadi mwisho, nikazima, nikawasha. Ikauliza tena! Kana kwamba hatujawahi kuonana.

Mzee Rwabuhihi, mwenye konsoli hiyo ya michezo, alikuwa kwenye benchi ya atelier yangu, kibanda changu cha ufundi, fimbo katikati ya magoti. Nikamwambia lensi ina vumbi. Nikafungua, nikapuliza, nikapangusa kwa pamba na alkoli. Lensi ilikuwa safi kuliko sahani za nyumbani kwangu. Basi nikasema ni courant, umeme unapanda na kushuka. Akaitika tu. Fundi wa redio wa ng'ambo ya barabara akachungulia, akasema konsoli za zamani ndivyo zilivyo. Nilimshukuru moyoni.

Mzee aliuliza kitu kimoja tu.

"Fundi, zile ng'ombe zangu ziko mu ndani bado?"

"Ziko, Mzee. Mulango njo umekwama."

Akacheka kidogo, akachukua fimbo, akaenda. Nikapangusa tena lensi ileile safi.

Jumanne, 5 Mei

Niandike ukweli, maana daftari hili halisomwi na mtu. Hata Olga, mke wangu, hulifuta vumbi na kulirudisha mahali pake.

Mwezi wa kumi na mbili, watu walipokimbia kuvuka mpaka kwenda Burundi, Mzee na binti yake Pélagie walipita hapa Kilibula na godoro na sufuria mbili. Konsoli ilikuwa imefungwa kwenye kitenge. Mzee akaniwekea mikononi. "Libérat, weye njo nakuachia." Hakuacha kitu kingine kwa mtu mwingine yeyote.

Mwezi wa kwanza kila mtu alisema hawa hawarudi karibuni. Akaja Thierry kutoka Luvungi, ana salle kule, chumba cha kulipia michezo ya konsoli, na konsoli yake diski ya ndani, ile inayotunza michezo, imekufa. Alikuwa na panneau ya sola na betri yake. Mimi nilikuwa gizani wiki ya tatu, kazi zimelala. Nikafungua konsoli ya Mzee, nikatoa diski, nikampa. Panneau ikapanda juu ya paa langu.

Ndani ya konsoli ya Mzee nikaweka diski ndogo kutoka sanduku la vyuma chakavu. Ili pasibaki tundu. Nani angechungulia tundu? Ujinga wa mwizi tu. Nimeandika mwizi — liache neno hapohapo.

Sasa wamerudi, Mzee anaitaka konsoli yake, na diski hiyo imechoka. Inapokea mchezo, ukizima inausahau. Ndiyo maana inauliza kila siku. Hakuna lensi, hakuna courant. Mimi.

Na mchezo wenyewe! Mzee alikuwa na ng'ombe sitini na mmoja huko juu milimani, Hauts Plateaux. Walichukuliwa wote kwa asubuhi moja. Akashuka mjini na fimbo. Pélagie akamnunulia konsoli ya mitumba ili asishinde akitazama ukuta. Ni mchezo wa shamba: unafuga, unakamua, ndama wanazaliwa, kila mmoja unampa jina. Mimi ndiye niliyemfundisha kushika maneti, kile kidude cha kubonyezea. Nilicheka siku ile, mzee wa miaka sabini anabonyeza kwa kidole kimoja kama anatafuta kiroboto. Alifuga miaka mitatu. Wakafika sitini na mmoja, majina yaleyale ya wale waliochukuliwa. Akasema sasa wametosha.

Walikuwa kwenye diski ile niliyotoa. Kesho kutwa naenda Luvungi. Thierry ni mtu mzuri, atanipa.

Alhamisi, 7 Mei

Luvungi na kurudi, kwa pikipiki, mgongo umekufa. Barrière tatu njiani, kila moja unasimamishwa.

Thierry alinipokea vizuri, akanitafutia Fanta. Nikasema naazima ile diski siku mbili, kuna vitu vya mtu ndani. Akanitazama. Akasema hakuna kitu ndani. Nikamwambia hujui kutafuta. Akasema, bila hasira:

"Libérat, weye njo ulibonyeza Oui. Minye nilikuwa apa, pembeni yako."

Nikakumbuka. Konsoli ikiona diski ya konsoli nyingine inaomba kwanza kuifuta yote. Inaandika onyo kwa herufi nyekundu, mistari minne. Nilibonyeza bila kusoma. Nilikuwa natazama panneau, imeegemea ukuta, nawaza nitaifunga kwa waya gani.

Sekunde mbili. Ng'ombe sitini na mmoja. Wale wa kwanza walihitaji watu wenye bunduki.

Fanta sikuimaliza.

Ijumaa, 8 Mei

Kwenye droo nina diski nzima, ya laptop iliyokufa. Nikiiweka, konsoli itaacha kuuliza leo hii. Fundi yeyote angeiweka Jumatatu. Lakini mchezo utafunguka, na Mzee ataona nini? Nyasi na ua. Shamba tupu, na maandishi ya kumkaribisha.

Kwa hiyo naogopa kuitengeneza! Miaka kumi na moja ya ufundi, na leo naombea kifaa kiendelee kuwa kibovu. Kikiendelea kuuliza, ng'ombe bado "wako ndani".

Pélagie amekuja saa sita, na beseni lake la samaki kichwani. Hakulitua. Baba yake hali chakula vizuri. Asubuhi anasimama mbele ya meza ya televisheni, pale konsoli ilipokaa, kisha anarudi kuketi. Kule kambini Burundi alikuwa anawaambia watu ana ng'ombe, amewaacha kwa mtu wa kuaminika.

"Fundi, kama imekufa, useme imekufa. Papa alishaona mingi."

Hapo mlango ulikuwa wazi kabisa. Nilichotakiwa ni kupita. Nikamwambia kuna pièce, kipuri, inatoka Bujumbura, inafika wiki ijayo. Kwa sauti ya fundi mkubwa. Akashukuru! Akaenda na samaki wake.

Najichukia leo.

Jumapili, 10 Mei

Nimepata njia. Nitawafuga upya mimi mwenyewe, kwenye diski nzima, mmoja mmoja, na majina yao. Mzee atafungua, atawakuta. Nani ataumia?

Majina nilikuwa sina. Nikamwambia Mzee machine imepoteza kumbukumbu, ikipewa majina itakumbuka. Amekuja baada ya ibada, na koti lake la kanisani, akaketi wima kabisa. Akaanza. Gaju, mwenye doa jeupe chini ya koo. Bihogo, mama yake Gaju, pembe moja imeinama. Sine, mweusi, hapendi kukamuliwa na mgeni. Gaju wa pili, mtoto wa dada yake Sine. Nikaandika. Hakusimama kuwaza hata mara moja. Alikuwa amefumba macho na mkono wake wa kulia ulikuwa unasogea hewani, kama anawahesabu wakipita mlangoni.

Sitini na moja. Nimehesabu mara mbili.

Kisha akatazama taa ya atelier, ilikuwa inawaka mchana bure. Akasifu. Akasema nimefanya vizuri kutafuta panneau, mtu wa kazi lazima awe na mwanga wake. Nikainama nikatafuta bisibisi ambayo haikuanguka.

Alipoondoka Olga alitoa vikombe. Akauliza:

"Ile machine iko na masikio?"

Nikamwambia mambo ya ufundi hayajui. Amenuna mpaka sasa, na ana haki.

Jumanne, 12 Mei

Nimeweka diski nzima jana. Nimefunga mlango, nimeandika "Absent", kwamba sipo, nimefuga tangu asubuhi hadi saa tisa alasiri.

Ng'ombe watatu!

Mchezo ndio unaochagua rangi. Gaju wangu ametoka na doa mgongoni. Nikamuuza, nikangoja mwingine, akatoka mweusi mtupu. Bihogo hana pembe iliyoinama. Mzee alingoja miaka mitatu, msimu baada ya msimu, ndama baada ya ndama, mpaka kila mmoja akafanana na mwenye jina. Mimi nina siku mbili. Na hata ningekuwa na mwaka, yeye angetupa jicho moja tu. Ataniuliza hawa ni wa nani.

Nimefuta wote watatu. Diski nzima nimeirudisha kwenye droo, ile mbovu ndani. Nikawasha. "Installer?" Nikaitukana kwa sauti, jirani akauliza kuna nini.

Olga ameniletea chakula. Akauliza, taratibu, Thierry alinipa panneau kwa kazi gani hasa, maana hajawahi kuisikia. Nilimfokea. Mbele ya wateja wa kinyozi jirani! Alitazama juu kwenye balbu, akatazama konsoli, akachukua sahani. Nadhani ameshaunganisha.

Jumatano, 13 Mei

Mzee hakuja leo. Nilifurahi hadi saa nne hivi. Baada ya hapo nilikuwa natoka mlangoni kila dakika kutazama barabara. Kazi sikufanya yoyote.

Alhamisi, 14 Mei

Naandika nikiwa atelier. Mzee yuko mbele yangu, mita moja. Anadhani naandika majina.

Amefika saa mbili asubuhi, peke yake, kwa miguu. Hakwenda kwenye benchi. Aliomba kiti. Nikaanza mambo ya pièce ya Bujumbura, mpaka, ushuru wa douane. Akaninyamazisha kwa kiganja, polepole. Akasema:

"Siku ile banachukua ng'ombe zangu kule juu, jirani mumoja alitembea na siye siku tatu, tunatafuta. Alikuwa anatafuta sana kupita minye. Anainama ku kila alama, anaita majina. Siku ya pili nikajua."

Nikauliza alijua nini. Swali la kijinga, lakini mdomo ulilitoa wenyewe.

"Nikajua. Ila sikumusemesha. Nilikuwa nangoja aseme yeye."

"Alisema, Mzee?"

"Alihama."

Basi. Akaweka fimbo sakafuni, akatulia. Hana hasira usoni. Afadhali angekuwa nayo!

Nikasimama. Nikavuta droo, nikatoa diski nzima, nikafungua konsoli mbele ya macho yake. Alitazama mikono yangu tu. Hakuuliza diski ile mbovu ni ya nani wala hii inatoka wapi. Courant ya mji haipo tangu alfajiri, nikachomeka kwenye betri. Ile ya Thierry. Nikawasha. "Installer les données du jeu?"

Oui.

Dakika ishirini na mbili, imeandika. Nikajipa mpaka hamsini kwa mia. Nikifika hamsini naongea. Nikachukua daftari ili mikono iwe na kazi.

Sasa ni sitini na nne.

Neno lenyewe ni fupi. Mzee, ni mimi. Maneno matatu, nimeyasema kwa ndani mara mia. Yakifika kooni yanageuka kuwa Bujumbura.

Nikikaa kimya ataona shamba tupu, naye atanyamaza pia, namjua sasa. Ataniaga kwa heshima. Atabeba konsoli yake kwenye kitenge. Na mimi nitabaki hapa na taa yangu — nitakuwa nimehama bila kutoka Kilibula.

Sabini na tisa.

Olga amekuja mlangoni. Ametuona. Ameketi kwenye ngazi, mgongo kwetu, anachambua maharage ambayo aliyachambua jana.

Themanini na nane. Mzee ameuliza nimefika jina gani. Nimesema Bihogo. Akasema, "Mama yake Gaju," na akatabasamu — akimtabasamia ng'ombe, si mimi.

Tisini na tano. Naandika haraka, sijui kama nitayasoma haya kesho.

Mia.

Nimezima, nimewasha. Haikuuliza kitu! Mara ya kwanza tangu waliporudi. Filimbi ya mchezo imeanza, ile ya asubuhi ya shambani. Mzee ameisikia, amevuta kiti mbele, anatafuta miwani kwenye mfuko wa koti. Mfuko wa kushoto, haimo. Wa kulia.

Niweke kalamu chini. Niseme sasa, kabla hajaivaa —