Dakika Saba Bila Sauti

Dada yangu mpendwa,

Pokea salamu zangu nyingi. Natumaini mgongo wako umepoa, na kwamba Mama anakula vizuri hata kama bado anakuita shangazi. Mimi mwili hauna neno. Moyo ndio umenikalia vibaya. Ndiyo maana naandika badala ya kupiga simu. Kwenye simu ningekwepa.

Unakumbuka nilivyoanza: kamera ya kuazima, maikrofoni niliyoifunga kwenye mpini wa fagio, na wewe ukinicheka kwamba filamu zangu zingewalaza hata panya. Sikuwa na bosi, waigizaji wala muziki. Niliweka kamera mahali pamoja nikawaacha watu waishi mbele yake. Miaka kumi na minne watazamaji wangu walikuwa wa kuhesabika, hadi nilipotoa filamu ya Mama, ikapata tuzo.

Wote wanaisifu sehemu ileile. Mama amekaa kitandani, anaitazama kamera, midomo inacheza, sauti hakuna, dakika saba nzima. Mhakiki mmoja aliandika kuwa huo ni ukimya wa kumbukumbu inayofifia. Nami nikadakia. Kila nilikoalikwa niliuelezea ukimya huo, mpaka mwenyewe nikauamini.

Wiki iliyopita, baada ya onyesho katika ukumbi wa chuo, mwanamke mmoja kiziwi, fundi cherehani, alinyoosha mkono. Binti yake alitufasiria ishara zake. Alisema yeye husoma midomo, na pale hakuona ukimya wowote. Kisha akauliza, taratibu kabisa: "Alipokuomba uzime, kwa nini hukuzima?"

Ukumbi mzima ulinigeukia. Nikasema muda umekwisha, nikatokea mlango wa nyuma kama mwizi.

Dada, ni kweli. Nilikuambia Mama aliridhia, nilikudanganya. Siku ile ulikuwa umekwenda kuchukua dawa zake. Alijikojolea pale kitandani, akaanza kunisihi: "Baba, zima hicho kitu. Nibadilishe kwanza. Watu wasinione hivi." Nilimsikia neno kwa neno. Sikuzima, kwa sababu mwanga wa dirishani ulikuwa mzuri. Uliporudi, wewe ndiye uliyembadilisha, ukidhani ndiyo kwanza imetokea. Nilipokuja kuihariri filamu, aibu ilinishika. Nikafuta sauti. Picha nikaiacha.

Nimewaandikia wenye kumbi wote wasiionyeshe tena, na tuzo nimeirudisha. Najua hilo halimfuti Mama machozi. Yeye hawezi tena kuniambia kama amenisamehe, kwa hiyo nakuomba na wewe usinisamehe kwa niaba yake. Jumamosi nitakuja. Nifundishe kumwogesha na kumbadilisha, nishike zamu kama wewe. Ukinifungia mlango, sitalalamika.

Nisalimie shemeji na watoto. Mama mwambie tu kwamba kuna mtu anamsalimu.

Ni mimi mdogo wako,
Kitindamimba