Okaitei na Mkanda wa Laryea

Sowah, nimetoka ukumbini sasa hivi.

Okaitei wetu hakupigana. Soma tena. Hakupigana.

Unakumbuka yule promota alivyomwambia, "Jiandae, usiku wa ubingwa na wewe utapanda ulingoni"? Mtaa wetu wote wa Bukom tukaamini kwamba bingwa Laryea, aliyemkwepa miaka yote hii, hatimaye kakubali kupigana naye. Mama yake kafunga genge lake la ugali wa kenkey, kamshonea joho. Mimi mwenyewe nimemfunga bandeji mikononi.

Promota anaingia chumba cha kubadilishia nguo, anaona bandeji, anamcheka Okaitei. "Za nini hizo, mzee? Wewe kazi yako ni kumbebea bingwa mkanda."

Kumbebea mkanda, Sowah. Na Laryea yupo palepale, anaangalia viatu vyake.

Nikamwambia Okaitei, "Vua, twende zetu."

Akanijibu, "Mama ameshakaa mbele."

Akatoka na joho lake, mkanda kaunyanyua juu ya kichwa, na nyuma yake Laryea, mtu ambaye Okaitei angemlaza chini raundi ya tatu tu. Watu wetu wakaimba jina la Okaitei wakidhani ndiyo anaingia kupigana. Halafu akashuka ulingoni, akakaa kando ya mama yake. Wimbo ukakatika wenyewe.

Promota kampa fulana kuwa malipo. Fulana.

Sasa tuko nje, namfungua bandeji. Unajua kaniambia nini kuhusu ule mkanda?

"Mwepesi, kaka. Siku zote nilidhani ni mzito."