Pole Isiyokuwa Yetu

Kiseke, Mwanza
Jumamosi

Mama yangu,

Shikamoo. Marahaba yako naisikia hata kabla sijaweka nukta. Habari za huko Majita? Mguu wa bibi umepungua kuvimba? Na dagaa, mmepata jua wiki hii au mvua imewakuta vichanjani? Huku sisi ni wazima. Baraka wa mama mdogo ameota meno yote ya mbele na anayatumia vibaya. Juzijuzi amemng'ata Mama Kulwa, yule jirani yetu, tena siku ambayo hakustahili kung'atwa na mtu.

Utashangaa kupata barua wakati simu ipo. Mama, kwenye simu wewe unaweka spika. Nawasikia wanawake wote wanaoanika dagaa mwaloni wakicheka kabla sijamaliza kukuamkia, basi mimi nasema "sisi wazima" na maneno yanaishia hapo. Nimesoma Kiswahili huko kijijini na sasa nasoma kwa Kiingereza huku, na lugha zote mbili zikiona watu zinanikaukia mdomoni. Kwenye karatasi ndiyo nafunguka.

Najua mama mdogo alikupigia mwezi uliopita akakuomba uandae mahali pa Baraka, na najua umeshaandaa. Nataka nikueleze kwa nini hatakuja, walau kwa sasa. Na ukifika mwisho utamsomea bibi taratibu, asikasirike.

Unakumbuka kazi ya mama mdogo, pale Nyakato, wanapouza pampu za maji na mabomba ya umwagiliaji. Yeye anapokea oda za wakulima na kufuatilia mizigo yao. Mwaka huu kampuni ilipunguza vyumba vya ofisi, ikawaambia wafanyakazi waje Jumatatu, Jumatano na Ijumaa, halafu Jumanne na Alhamisi wafanyie kazi nyumbani kwa kompyuta na simu. Wenyewe wanaiita kazi mseto. Sisi hapa nyumbani tuliipenda. Siku za ofisini Baraka anashinda kwa Mama Kulwa, na Jumanne na Alhamisi, ambazo Mama Kulwa anapeleka mitumba yake mnadani, anashinda na mama yake. Ikawa kama imepimwa.

Ila mtaani hawakuelewa. Wiki ya kwanza mama mmoja alileta viazi vitamu kwenye beseni, akamwambia mama mdogo kwa sauti ya chini, "Usijali, mwenzangu, hata shemeji yangu walimwachisha, sasa ana bodaboda mbili." Mama mdogo akasema bado ana kazi. Yule mama akamshika mkono, akasema, "Ndiyo, ndiyo, sema hivyo hivyo." Viazi tulikula.

Na kazi yenyewe, Mama, haikupungua. Mama mdogo anavaa blauzi ya ofisini juu na kitenge chini, anambeba Baraka mgongoni, anasonga ugali huku simu ameibana begani anamweleza mkulima wa Magu mzigo wake umefika wapi. Meneja wao, Bwana Masanja, alikuwa anapiga kila mara. "Mama Baraka, upo?" "Nipo, bosi." Baada ya muda tena, "Upo?" Kwenye kikao cha kompyuta anataka awaone wote sura. Siku moja jogoo wetu akawika katikati ya kikao. Bwana Masanja akauliza, "Huyo ni mfanyakazi wa idara gani?" Watu wakacheka, mama mdogo naye akacheka, lakini akishafunga kompyuta nilimwona anafuta macho. Aliniambia, "Ofisini nikikaa kimya wanajua nafikiri. Nyumbani nikikaa kimya wanajua nimelala." Alikuwa hata chooni anaingia na simu.

Ndipo Bwana Masanja akatangaza kwamba mwezi ukiisha wote warudi ofisini siku zote. "Simwoni mtu," alisema, "nitajuaje kama yupo?" Usiku ule mama mdogo na baba mdogo, ambaye yuko Geita na anarudi mara moja kwa mwezi, waliongea kwa simu wakakubaliana: Baraka aje kwako, wao wahamie chumba kimoja karibu na Nyakato, na mimi niende bweni shule zikifunguliwa. Mimi nilisema, "Sawa." Haikuwa sawa, Mama. Bweni kuna vitanda arobaini chumba kimoja. Nilikuwa naingia jikoni kuosha vyombo vilivyokwisha kuoshwa.

Sasa, Jumanne ya wiki iliyopita, Mama Kulwa alifiwa na mama mkwe wake, bibi aliyekuwa anakaa naye. Turubai likafungwa asubuhi nyumba ya pili kutoka yetu. Mtu anayekulelea mtoto siku tatu kila wiki huwezi kumwambia una kikao. Mama mdogo alimaliza oda zake mapema, akajifunga kitenge, akaniambia, "Nyangeta, nakwenda kuwasaidia kupika. Simu iko kwenye chaji. Akipiga mtu mwambie narudi." Akaenda na Baraka.

Simu ikalia. Nikasoma jina la Bwana Masanja. Nikapokea.

"Shikamoo."

"Marahaba. Naongea na nani?"

"Nyangeta."

"Aa, Nyangeta. Mama yuko wapi? Napiga toka saa ile."

Mama, nilikuwa na sentensi nzima kichwani, ndefu na nzuri. Kikatoka kipande chake kimoja: "Yuko msibani."

Sauti yake ikabadilika kabisa. "Mungu wangu. Poleni sana. Pole sana, mwanangu."

Nami nikasema, "Asante."

Wewe mwenyewe umenifundisha, mtu mzima akikupa pole unasema asante. Lilitoka kabla sijafikiri, na yeye akakata simu. Nikabaki nimeishika. Nikajiambia nimpigie. Nikajiambia niende nikamweleze mama mdogo. Nilifika hadi kwenye ua, nikaona wanawake wale wote wanamenya ndizi, nikarudi ndani. Nikaenda tena, nikarudi tena. Nikajifariji kwamba amenipa pole tu, na pole haimuui mtu.

Alasiri gari la kampuni likasimama mbele ya geti letu.

Walishuka kumi na mmoja, wanawake wamejitanda khanga, wanaume wamekunja nyuso. Bwana Masanja alikuwa na bahasha mkononi. Barabarani walikuwa wameuliza msiba ni wa nani, wakajibiwa, "Wa bibi mmoja." Wakamalizia wenyewe. Nilikuwa dirishani. Nilitaka niingie chini ya kitanda, Mama, na ninaandika ukweli.

Wakaenda turubaini. Dada Happy, anayekaa meza moja na mama mdogo, alimwona ameshika mwiko na majivu usoni, akamwangukia shingoni. "Mama Baraka! Pole, mwenzangu! Jikaze!" Na mama mdogo, kwa kuwa msibani mtu akikulilia shingoni huulizi maswali, akalia naye. Mama Kulwa akanyanyua kichwa mkekani, akamuuliza wa pembeni, "Hawa wageni wa nani?" Hakuna aliyejua. Wakapewa viti. Mimi nikatoka, nikasimama nyuma ya masufuria.

Msemaji wa familia aliona wageni wenye gari, akamwomba kiongozi wao aseme neno. Bwana Masanja akasimama, akavua kofia. "Sisi ni wafanyakazi wenzake Mama Baraka," alisema. "Tumekuja kumlilia mama mzazi wa mwenzetu, aliyetangulia leo."

Mwiko ukadondoka. Mama mdogo alimtazama kama mtu aliyeamshwa. "Mama yangu?" akasema. "Mama yangu amefanya nini? Nani amepiga kutoka Majita?" Halafu akapiga ukelele, Mama, ukelele ambao sijawahi kuusikia, anamwita bibi kwa Kijita, wanawake wakamshika.

Sijui miguu ilinipelekaje. Nilijikuta katikati ya turubai, watu wote wale, wazee kwa wageni, na sauti iliyotoka sikuitambua. "Bibi ni mzima! Bibi wa Majita ni mzima! Nimeongea naye jana! Ni mimi! Bosi alinipa pole nikasema asante!"

Watu wote wakanigeukia. Hata Baraka aligeuka.

Wa kwanza kusema ni mtani wa marehemu, mzee mmoja mwembamba aliyekuwa anachekesha watu toka asubuhi. Akainua fimbo. "Mwacheni binti! Marehemu huyu alikuwa mjanja tangu ujana wake. Ona, amekufa Kiseke tu, lakini amejipatia waombolezaji mpaka Nyakato, na gari juu!" Turubai zima likaangua kicheko, Mama Kulwa mwenyewe akicheka na machozi yanatiririka. Mama mdogo alinikamata. Nikajua ni kofi. Akanibana kifuani mpaka nikashindwa kuhema, akawa ananiuliza sikioni, "Kweli uliongea naye jana? Kweli?"

Wageni wangeweza kuondoka. Bwana Masanja alimpelekea Mama Kulwa bahasha, akamwambia, "Mama, tulikuja kulia, na wa kuliliwa yupo." Kisha wakakaa. Wakaletewa sinia la ugali na nyama, wakanawa, wakala kumi na mmoja sinia moja wakigombania mchuzi. Mimi nilikuwa nashika jagi la maji, kwa hiyo nilisikia.

Dada Happy alisema, "Jamani, lini mara ya mwisho tumekula hivi?"

Bwana Masanja alimwambia mama mdogo, "Nitakwambia kweli. Leo nilikupigia kukugombeza."

"Najua, bosi."

"Bosi wa Dar anapiga, ananiuliza watu wako wako wapi. Namjibu wako kazini. Ananiuliza umewaona? Sina la kusema. Jumanne pale ofisini nasikia feni tu. Nakula peke yangu, nakaa nawaza, hawa wapo kweli? Basi napiga."

Mama mdogo aliweka tonge chini. "Na mimi, bosi, nafanya kazi mbili. Ya pampu, na ya kukuonyesha kwamba nafanya ya pampu. Hii ya pili ndiyo inanimaliza. Oda zangu za leo zilitoka kabla sijashika mwiko. Kaangalie."

"Nimeshaangalia," alisema. "Niliziona nikiwa kwenye gari. Nikasema, huyu mwanamke kafiwa na bado amemaliza oda." Akatikisa kichwa, akacheka peke yake. "Angalau hilo nimeliona bila kukuona."

Hakusema kwamba ameshindwa. Wakubwa hawasemi hivyo. Ila kesho yake, Jumatano, aliwaambia siku mbili za nyumbani zibaki kwanza, atamjibu bosi wa Dar kwa kazi iliyotoka. Asubuhi kila mtu atamwandikia anafanya nini, jioni amemaliza nini, na katikati yeye hapigi tena hovyo. Na kila Jumatano wote watakula pamoja pale ofisini, sinia moja. Bado anajisahau. Alhamisi alipiga, mama mdogo akapokea, akasikia, "Samahani, Mama Baraka, nimezoea," akakata.

Kwa hiyo Baraka anabaki. Na mimi sihami. Samahani kwa ile sehemu uliyoiandaa. Najua ulikuwa unamngoja mtoto wa kumbeba, sasa sisi wanao wote tumekuwa wakubwa.

Kuna jambo jingine. Mama mdogo alipopiga ule ukelele, ana umri wake ule, ana kazi, ana mtoto, akalia kama msichana wa darasa la pili, anamwita mama yake. Aliponiachia, watu wakiwa bado wanacheka, niliingia ndani kidogo nikafunga mlango. Nilikuwa nakuwaza wewe. Siku nilipoondoka, pale stendi, uliniuliza, "Utanikumbuka?" Nikasema, "Sawa." Watu walikuwa wengi. Sikuwa na maana ya sawa.

Msalimie baba, mwambie ile suruali ya michezo imenitosha. Wasalimie wadogo zangu, Masatu aache kunitumia ujumbe wa kuomba simu. Mjomba fundi wa mitumbwi umwambie nimemwona rafiki yake wa Kamanga, anamdai salamu tu. Mama mkubwa wa kanisani aendelee kuniombea mtihani wa hesabu. Na bibi: mwambie ameliliwa na watu kumi na mmoja wasiomjua, wakiwa wamevaa vizuri, na wamekula. Watu wa huku wanasema aliyetanguliziwa msiba anaishi sana.

Ukimaliza kusoma, Mama, nipigie. Usiweke spika. Nitaongea.

Mwanao,
Nyangeta